Si malaika: Tamthilia ya Uingereza iliyomvua muuguzi mbawa

MGONJWA amekata roho kitandani wakati wa usiku, na saa kadhaa zimepita bila muuguzi yeyote kugundua. Mwili umekwisha kupoa. Daktari akija kuthibitisha kifo atauliza swali moja tu: mara ya mwisho mgonjwa huyu alitazamwa saa ngapi? Wauguzi wanatazamana. Kisha wanalijaza hodhi la kuogea maji ya moto na kumlaza marehemu humo, ili mwili upate joto na ionekane kuwa ameaga dunia muda mfupi uliopita.

Kwa mkasa huo, watazamaji wa kituo cha Channel 4 nchini Uingereza walikaribishwa katika tamthilia ya No Angels, iliyoanza kurushwa Machi 2004 na kudumu kwa misimu mitatu hadi mwaka 2006. Jina lake lina maana ya “si malaika”, na mtazamaji aliyekuwa bado hajalielewa alilielewa pale maji ya moto yalipoanza kufunguliwa.

Hila yenyewe haikubuniwa hewani. Mwili wa binadamu aliyefariki hupoteza joto kidogo kidogo, takriban digrii moja hadi moja na nusu za Selsiasi kwa kila saa katika saa za mwanzo, kutegemea ubaridi wa chumba, unene wa mwili na nguo alizovaa marehemu. Kwa hiyo joto la maiti ni ushahidi. Muuguzi anayelipandisha joto hilo anafuta maandishi katika daftari ambalo hakuliandika yeye.

Na kwa nini afanye hivyo? Kwa sababu wodini kuna utaratibu wa kumpima kila mgonjwa mapigo ya moyo, joto, shinikizo la damu na kasi ya kupumua kwa vipindi vilivyopangwa, na kila kipimo huandikwa pamoja na saa yake. Nafasi ikiachwa tupu kwenye fomu hiyo usiku ambao mgonjwa alifariki, muuguzi wa zamu anaweza kuitwa mbele ya Baraza la Uuguzi na Ukunga, chombo kilichoanzishwa mwaka 2002 kusimamia taaluma hiyo Uingereza, na kunyang’anywa usajili. Bila usajili hakuna kazi. Kwa mwanamke asiye na mume wa kuchangia kodi ya nyumba, bila kazi hakuna chakula cha mtoto.

Hapo ndipo kicheko na hofu vinapokutana, na ndiyo maana No Angels huwekwa katika kundi la tamthilia ambazo Waingereza wanazipenda mno, zile zisizokubali kuwa ramsa wala tanzia. Walimu wa fasihi wamezoea kuzitenga aina hizo mbili: ramsa humalizikia kwenye furaha, tanzia humalizikia kwenye maangamizi. Katika tamthilia hii mtu hucheka dakika ya kumi na kunyamaza dakika ya kumi na moja, na mara nyingine sababu ya kucheka na ya kunyamaza huwa ni ile ile.

Mtunzi wake ni Toby Whithouse, mwandishi ambaye alianza kama mwigizaji na kuonekana katika tamthilia ya The House of Eliott. Mwaka 1998 alishinda tuzo ya Verity Bargate kwa mchezo wake wa jukwaani, na No Angels ikawa tamthilia yake ya kwanza kubwa ya televisheni. Baadaye alitunga Being Human, iliyorushwa na BBC kuanzia mwaka 2009, ambamo mnyonya damu na mtu anayegeuka mbwamwitu wanafanya kazi za kusukuma vitanda hospitalini. Inaelekea hospitali haikumtoka kichwani.

Kampuni iliyoitengeneza, World Productions, ilikuwa na historia ndefu na mambo ya aina hii. Miongoni mwa viongozi wake alikuwa Tony Garnett, ambaye mwaka 1966 alikuwa mtayarishaji wa Cathy Come Home, filamu ya BBC iliyoongozwa na Ken Loach kuhusu mama kijana anayepoteza makazi na hatimaye kupokonywa watoto wake na maofisa wa ustawi wa jamii. Filamu ile iliitikisa Uingereza kiasi kwamba shirika la kutetea wasio na makazi la Shelter, lililozinduliwa siku chache baadaye, lilijikuta limepokewa na taifa lililokwisha kulia.

Miaka ya 1990 kampuni hiyo ilitengeneza Cardiac Arrest, iliyoandikwa na daktari kijana aliyejibu tangazo lililochapishwa katika jarida la madaktari la British Medical Journal. Daktari huyo, Jed Mercurio, alitumia jina la bandia la John MacUre kwa kuwa alikuwa bado anafanya kazi hospitalini. Aliwaonyesha madaktari wachanga waliokosa usingizi hadi wakasahau huruma. No Angels ilichukua wodi ile ile na kuitazama kutoka upande wa pili wa kitanda, anakosimama mtu anayebaki baada ya daktari kuondoka.

Wahusika wakuu ni wauguzi wanne wa hospitali moja mjini Leeds, kaskazini mwa England, wanaoishi katika nyumba moja. Kate Oakley, aliyeigizwa na Kaye Wragg, ni mwenye kushika kanuni. Beth Nicholls, aliyeigizwa na Jo Joyner, anatamani kuolewa na daktari. Anji Mittel, aliyeigizwa na Sunetra Sarker, anatoka katika familia yenye asili ya Bara Hindi. Wa nne ni Lia Costoya, aliyeigizwa na Louise Delamere, na ndiye mwenye mzigo ambao wenzake hawana: ana binti, naye anamlea bila mume.

Sehemu kubwa ya picha zilipigwa katika majengo ya High Royds, huko Menston karibu na Leeds, hospitali ya wagonjwa wa akili iliyofunguliwa mwaka 1888 na kufungwa mwaka 2003. Korido zile ndefu zisizo na mwisho hazikuhitaji kujengwa na fundi wa seti.

Hesabu ya zamu

Ili kuelewa kwa nini mhusika kama Lia ana uzito kwa mtazamaji wa Uingereza, yafaa kufanya hesabu ndogo ya saa. Katika hospitali nyingi za Huduma ya Taifa ya Afya, inayojulikana kwa kifupi kama NHS na iliyoanzishwa Julai 5, 1948, zamu ndefu ya mchana huanza saa moja na nusu asubuhi na kwisha saa mbili usiku. Vituo vingi vya kulelea watoto hufunguliwa saa mbili asubuhi na kufungwa saa kumi na mbili jioni.

Kwa hiyo asubuhi kuna nusu saa ambayo mtoto hana pa kukaa, na jioni kuna saa mbili nyingine, bila kuhesabu muda wa basi. Na hiyo ni kama zamu itakwisha kwa wakati. Mgonjwa akizidiwa saa mbili kasorobo, muuguzi hawezi kumwachia mwenzake aliyefika dakika hiyo akiwa bado hajavua koti. Kituo cha watoto nacho hutoza faini kwa kila mzazi anayechelewa.

Zamu ya usiku ina adha yake. Mama anarudi asubuhi, anampeleka mtoto shuleni, analala saa tano au sita kama majirani hawatengenezi paa, kisha anaamka kwenda kumchukua. Likizo ya shule ikifika, usingizi huo nao haupo. Wenye mume au mchumba hugawana saa hizi. Asiye naye humtafuta mama yake mzazi, dada, jirani, au, kama ilivyo katika tamthilia, wenzake anaofanya nao kazi, ambao nao wamechoka kama yeye.

Serikali ya Uingereza haikukaa kimya. Aprili 2003, mwaka mmoja kabla ya No Angels kuanza, sheria mpya iliwapa wazazi wenye watoto wa chini ya miaka 6 haki ya kuomba kubadilishiwa saa za kazi. Neno la kuzingatiwa ni “kuomba”. Mwajiri alitakiwa kulifikiria ombi kwa makini, lakini aliruhusiwa kulikataa kwa sababu za uendeshaji wa kazi, na wodi yenye upungufu wa wauguzi haikosi sababu hizo hata siku moja.

Mwezi huo huo ulianza mfumo mpya wa kuwalipa ruzuku wazazi wenye kipato kidogo kupitia mamlaka ya kodi. Ruzuku hiyo ilisaidia kulipia malezi ya mtoto, lakini kwa sharti kwamba mlezi awe amesajiliwa. Bibi anayelala na mjukuu wake usiku wa zamu hakuhesabiwa. Aidha, mfumo wenyewe ulianza kwa vurugu: katika mwaka wake wa kwanza familia zililipwa zaidi ya stahili yao kwa takriban pauni bilioni mbili, kisha zikaandikiwa barua za kuzirejesha. Waliokuwa wamekwisha kuzila hawakuwa na cha kurejesha.

Hayo yote ni mambo makavu ya sheria na kodi. Ubora wa tamthilia ya aina hii ni kwamba haiyasemi. Inamwonyesha mwanamke akitazama saa ya ukutani huku anafunga bandeji, na mtazamaji aliyewahi kuitazama saa ile anajua kila kitu.

Kusifiwa na kulaaniwa

Kuna jambo jingine lililomfanya muuguzi asiye na mume kuwa mhusika mgumu kwa Waingereza. Utamaduni wao ulikuwa umewagawa wanawake wawili ambao yeye aliwaunganisha katika sare moja.

Wa kwanza ni muuguzi. Tangu Florence Nightingale arudi kutoka Vita vya Krimea vya miaka ya 1850 akiwa amechorwa magazetini na taa mkononi, muuguzi wa Uingereza alipewa utakatifu. Kumwita malaika likawa jambo la kawaida. BBC ilipotengeneza tamthilia ya wauguzi wanafunzi mwaka 1975, iliyotungwa na Paula Milne na kudumu hadi mwaka 1983, iliitwa Angels, na hospitali yake ya kubuni ilipewa jina la St Angela’s. Kwa mtazamaji wa umri fulani, jina la No Angels lilisikika kama jibu lililochelewa kwa miaka 20.

Utakatifu huo ulikuwa na pacha wake asiye na haya. Filamu ya Carry On Nurse, iliyoongoza kwa mapato katika majumba ya sinema ya Uingereza mwaka 1959, na zile zilizofuata za kundi hilo, ziliwazoesha watu kumwona muuguzi kama msichana wa utani mzito mwenye sare ya kubana. Malaika na kichekesho. Hakuna kati ya hao wawili anayedai nyongeza ya mshahara, na huenda ndiyo siri ya kupendwa kwao.

Wa pili ni mama asiye na mume, naye hakuwa na sifa ya kumpamba. Oktoba 1992, Peter Lilley, aliyekuwa waziri wa hifadhi ya jamii, alisimama mbele ya mkutano mkuu wa chama cha Conservative na kuimba beti za kejeli juu ya watu aliotaka kuwabana, wakiwamo wasichana aliodai wanashika mimba ili wapate nyumba za halmashauri haraka. Ukumbi ulishangilia.

Chama cha Labour kilipoingia madarakani mwaka 1997, moja ya hatua zake za mwanzo ilikuwa kufuta nyongeza ya posho iliyokuwa ikitolewa kwa wazazi wanaolea peke yao. Desemba mwaka huo wabunge 47 wa chama hicho hicho walipiga kura ya kuipinga, uasi wa kwanza mkubwa dhidi ya serikali ya Tony Blair. Hoja ya serikali ilikuwa kwamba mzazi atatolewa katika umaskini na kazi, si posho.

Lia, basi, ndiye yule aliyeambiwa afanye kazi, naye anafanya. Anafanya kazi ambayo taifa zima linasema ni ya malaika. Na bado mwisho wa mwezi hesabu hazitoshi, na bado anachelewa kumchukua mtoto. Tamthilia haimtetei wala haimhukumu. Inamwacha avute sigara, akosee, apende mtu asiyefaa, kisha arudi kazini kesho yake.

Yule wa Marekani aliyetangulia

Wazo la muuguzi mwenye mtoto na asiye na mume halikuanzia Leeds. Septemba 1968, kituo cha NBC cha Marekani kilianza kuonyesha Julia, ambamo Diahann Carroll aliigiza muuguzi aliyefiwa na mume wake, rubani, katika vita vya Vietnam, na anayemlea mwanawe mdogo Corey. Carroll alikuwa mwanamke mweusi, na hadi wakati huo televisheni ya Marekani ilikuwa haijazoea kumpa mwanamke mweusi nafasi ya uhusika mkuu isipokuwa awe mtumishi wa nyumbani. Kampuni ya Mattel ilitengeneza hata mwanasesere wa Julia mwenye sare ya uuguzi.

Mchezo huo uliendelea hadi mwaka 1971 ukiwa na watazamaji wengi na wakosoaji wengi. Walisema Julia anaishi katika nyumba nzuri kupita mshahara wake na anavaa kama mwanamitindo. Walisema pia kwamba, mwaka ambao Martin Luther King aliuawa na miji ikawaka moto, matatizo ya mama huyo yalikuwa madogo na masafi mno, na kwamba familia nyeusi ya kwanza ya aina hiyo kuingia sebuleni mwa Wamarekani ilikuwa imeingizwa bila baba.

Ukosoaji huo una maana kwa sababu unaonyesha kile kilichobadilika katika miaka 35. Julia alilazimika kuwa safi ili akubalike. Lia hakulazimika. Mume wa Julia alikufa kwa heshima vitani, kwa hiyo hakuna aliyeweza kumlaumu mjane. Tamthilia za Uingereza za miaka ya 2000 ziliacha kumtafutia mama sababu ya kusamehewa.

Saa nne

Mambo mengi ya wodini yanayochekesha katika No Angels yanatokana na enzi yake. Julai 2000 serikali ilitangaza mpango mkubwa wa kuifufua NHS, na ndani yake kulikuwa na lengo kwamba mgonjwa anayefika idara ya dharura asikae zaidi ya saa nne kabla ya kulazwa, kuhamishwa au kuruhusiwa. Kufikia mwisho wa mwaka 2004 hospitali zilitakiwa kutimiza hilo kwa asilimia 98 ya wagonjwa.

Fedha ziliongezwa na mistari ya kusubiri ikapungua kweli. Haifai kulisahau hilo. Lakini kitanda cha kumlaza mgonjwa wa dharura hupatikana kwa kumwondoa mwingine, na anayeambiwa aondoe ni muuguzi wa wodi. Hivyo kukawa na meneja anayezunguka na karatasi, muuguzi anayeficha kitanda kitupu, na mzee anayesukumwa kutoka wodi hii hadi ile usiku wa manane kama mzigo usio na mwenyewe. Mwandishi wa vichekesho hana haja ya kuongeza chumvi hapo.

Mwaka huo huo wa 2004, kituo hicho hicho cha Channel 4 kilianza kuonyesha Green Wing, kichekesho kingine cha hospitali. Kule madaktari walipanda farasi wa kichaa na kuruka na kamera, na wagonjwa karibu hawakuonekana. Ni kazi ya ustadi mkubwa, lakini mtu anaweza kuitazama yote bila kujua nani alimwosha mgonjwa.

Walikuwapo wauguzi ambao hawakuipenda No Angels. Malalamiko yao yalieleweka: taaluma iliyohangaika kwa miongo kadhaa kuingia vyuo vikuu na kuvuliwa picha ya msichana wa utani ilijiona imerudishwa baa, ikinywa na kulala na madaktari. Wengine walicheka kwa sababu waliitambua zamu yao. Pande zote mbili zilikuwa na haki, na tamthilia yenyewe wakati mwingine ilishindwa kujua inacheka na wauguzi au inawacheka.

Ila tukio la hodhi la maji ya moto ndilo lililobadilika zaidi kadiri miaka ilivyopita. Mwaka 2004 lilikuwa kichekesho cha watu wanaookoa ajira zao. Februari 2013 ilitoka ripoti ya wakili Robert Francis kuhusu hospitali ya Stafford, ambako kati ya mwaka 2005 na 2009 wagonjwa waliachwa bila maji ya kunywa, bila kusafishwa na bila kutazamwa, huku uongozi ukishughulika na malengo na bajeti. Ripoti ilieleza wauguzi wachache mno kwa wagonjwa wengi mno, na utamaduni wa kunyamaza.

Miongoni mwa yaliyofuata ni sheria ya Novemba 2014 inayozilazimisha taasisi za NHS nchini England kumwambia mgonjwa au ndugu zake ukweli pale jambo lilipoharibika na kumdhuru. Ni kinyume kamili cha kile walichokifanya wauguzi wanne wa Leeds. Mtu anayeitazama sehemu ile ya kwanza leo bado atacheka, lakini huenda atamtafuta kwa macho ndugu wa marehemu, ambaye anaelezwa saa isiyo ya kweli.

Baada ya Leeds

Channel 4 iliifuta tamthilia hiyo mwaka 2006. Waigizaji wake hawakwenda mbali. Jo Joyner alihamia EastEnders ya BBC mwaka huo huo kama Tanya. Sunetra Sarker alirudi hospitalini, safari hii kwa cheo cha daktari, katika Casualty, tamthilia ambayo BBC imekuwa ikiionyesha tangu Septemba 1986. Kaye Wragg naye alivaa tena sare ya uuguzi kuanzia mwaka 2014 katika Holby City, iliyokoma mwaka 2022.

Nje ya skrini, wauguzi waliendelea kuitwa malaika. Wakati wa janga la korona mwaka 2020, Waingereza walisimama milangoni kila Alhamisi saa mbili usiku kuwapigia makofi. Desemba 15, 2022, maelfu ya wanachama wa Chama cha Kifalme cha Wauguzi, kilichoanzishwa mwaka 1916, waliingia katika mgomo mkubwa kuliko wowote uliowahi kuitishwa na chama hicho, wakisema makofi hayalipi kodi ya nyumba.

Katika wauguzi wanne wa No Angels hakuna aliyetoka Afrika, ingawa wodi za Uingereza za wakati huo zilikuwa zimekwisha kujaa wauguzi kutoka Zimbabwe, Nigeria, Ghana na Kenya. Tamthilia ikiandikwa upya leo, Lia angeweza kabisa kuwa mama kutoka Nyeri au Kisii. Julai 2021, wakati wa ziara ya Rais Uhuru Kenyatta mjini London, Kenya na Uingereza zilitia saini makubaliano ya kuwawezesha wauguzi wa Kenya waliokosa ajira nyumbani kwenda kufanya kazi katika hospitali za Uingereza. Tanzania, kwa upande wake, imo katika orodha ya Shirika la Afya Duniani ya mwaka 2023 yenye nchi 55 zenye upungufu mkubwa wa watumishi wa afya, ambazo waajiri wa Uingereza hawaruhusiwi kwenda kuzichota wauguzi kwa makusudi.

Muuguzi wa aina hiyo ana hesabu ngumu kuliko ya kituo cha watoto kinachofungwa saa kumi na mbili. Machi 11, 2024, Uingereza iliwazuia wahudumu wa malezi waliotoka nje kwenda na watoto au wenza wao. Wauguzi waliosajiliwa hawakuguswa na katazo hilo, lakini mama anayekwenda peke yake, huku baba wa mtoto akiwa hai na yuko nyumbani, lazima aithibitishie idara ya uhamiaji kwamba jukumu la kumlea mtoto huyo ni lake yeye peke yake.

Kutuma fedha kila mwezi hakutoshi. Maofisa hutaka kujua ni nani aliyechagua shule, ni nani aliyeitwa na mwalimu, ni nani aliyetia saini karatasi za hospitali mtoto alipougua. Na kama mtoto amekuwa akilala kwa bibi yake katika usiku wote ambao mama alikuwa zamu, mama atatakiwa kuonyesha kwa maandishi kwamba bibi alikuwa anasaidia tu, na kwamba uamuzi ulibaki kuwa wake.